Siku moja katika nyayo za Wareno Mombasa: njia, saa na vyakula

Ukitaka kuwatembeza wageni wako Mombasa ya Wareno, huhitaji kukodi basi. Mambo yote yako kisiwani, tena karibu karibu: asubuhi nzima ni ya miguu, na jioni tuktuk moja ya masafa mafupi. Kinachoharibu siku hii ni saa. Watu huamka kwa uvivu, wakafika Fort Jesus, ngome ya Wareno, adhuhuri jua likiwa utosini, wakatoka na njaa kali, wakakuta biriani imebaki ukoko, kisha wakaingia Mji wa Kale wenye maduka wamekwenda kupumzika. Kwa hiyo ratiba hii inafuata jua na jiko. Historia itakusubiri, mbaazi hazisubiri.

Chagua siku kwanza. Ijumaa si mbaya kwa asubuhi, lakini kuanzia saa sita na nusu hadi karibu saa nane Mji wa Kale huwa msikitini, na si adabu kupita na kundi la watu wenye kamera mbele ya milango ya misikiti wakati huo. Mwezi wa Ramadhani geuza mpango wote: ingia ngomeni alasiri, tembea mjini jua likipoa, na chakula kiwe futari. Aprili na Mei ni masika. Mawe ya matumbawe yaliyosuguliwa na nyayo za karne nne yakilowa huteleza vibaya, na ngazi za ngomeni nyingine hazina pa kushika. Siku za shule, mabasi ya wanafunzi huanza kumiminika mnamo saa nne, sababu nyingine ya kuwahi.

Kundi lisizidi watu kumi. Vichochoro vya Mji wa Kale ni vyembamba, na kiongozi akisimama kueleza jambo mbele ya watu ishirini, wa nyuma husikia honi za pikipiki tu. Mkiwa wengi, jigaweni na mchukue viongozi wawili.

Kuhusu kiongozi: utawakuta mlangoni mwa Fort Jesus, na wengine watakudaka kabla hujashuka kwenye tuktuk. Muulize kitambulisho cha kazi. Patana bei kabla ya kuanza, na itajwe wazi kama ni ya kundi zima au ya kila mtu, kama ni ya ngome peke yake au na Mji wa Kale pia. Ugomvi mwingi wa mwisho wa safari hutokea hapo. Kisha mpime kwa swali moja: ngome ilipigana na nani 1631? Akianza kukuambia habari za Waomani, mshukuru utafute mwingine. Ya 1631 ilikuwa ya Yusuf bin Hasan, mfalme wa Mombasa mwenyewe. Wareno walikuwa wamemlea Goa, koloni lao huko India, na kumbatiza Jerónimo, wakamrudisha Mombasa atawale kwa niaba yao. Mwezi Agosti mwaka huo aliingia ngomeni, akamuua kapteni, na ngome ikawa mikononi mwake. Mwaka uliofuata aliiacha, na Wareno wakarudi. Kiongozi anayekijua kisa hiki atakupa siku nzuri.

Saa moja asubuhi: anzeni na tumbo. Tafuteni mkahawa au mama anayepika mbele ya nyumba ndani ya Mji wa Kale, muagize mahamri na mbaazi za nazi. Hesabu mahamri matatu kwa mtu mzima na bakuli moja la mbaazi kwa watu wawili. Chai ya maziwa au ya rangi yenye tangawizi. Mbaazi za nazi ni chakula cha asubuhi kwa sababu maalumu: tui likikaa kwenye joto la Mombasa huchacha, na zinazouzwa saa tano huwa ama zimepashwa mara ya pili ama zimeongezwa maji. Mahamri nayo yawe yametoka kwenye mafuta muda huo, yamefura na yana uwazi ndani. Yakiwa mazito kama mkate, hayakuumuka vizuri, na yatawakaa tumboni mpaka mchana.

Saa mbili Fort Jesus hufunguliwa. Viwango vya kiingilio hutofautiana kati ya raia, mkazi na mgeni, kwa hiyo kila Mkenya abebe kitambulisho chake. Bila hicho mnaweza kubishana na karani bure. Msitegemee pesa taslimu. Malipo ya sehemu za serikali siku hizi hupitia simu, basi hakikisheni angalau mtu mmoja ana salio la kutosha na simu yenye chaji. Maji, lita moja na nusu kwa kila mtu, yanunuliwe nje kabla ya kuingia.

Msikimbilie jumba la makumbusho lililo ndani. Hilo lina kivuli, liwekeni mwisho. Saa mbili jua bado ni la kuvumilika, kwa hiyo pandeni ukutani kwanza. Ngome ilijengwa 1593 hadi 1596, kwa ramani ya Giovanni Battista Cairati, Mtaliano aliyekuwa akiwafanyia kazi Wareno. Ukiitazama kutoka angani ina umbo la mtu aliyelala chali. Ukiwa chini huwezi kuliona, lakini ukisimama kwenye pembe moja na kutazama nyingine utaelewa kazi yake: kila pembe iliyochomoza humwona adui anayeukaribia ukuta wa jirani yake, asibaki mahali pa kujificha. Mwambie kiongozi awasimamishe hapo hasa, kwa sababu ndipo mtu anapofahamu kwamba hii ilikuwa mashine ya vita wala si jumba la fahari. Halafu geukeni mtazame baharini. Mdomo wa mlango wa bahari unaoelekea bandari ya kale uko mbele yenu, na hakuna chombo kilichoweza kupita bila kuonekana.

Hapo pia ndipo pa kumwomba asimulie yaliyotangulia ngome. Vasco da Gama alifika Mombasa Aprili 1498, hakupokewa vizuri, akaendelea hadi Malindi alikopewa rubani wa kumvusha hadi India. Mwaka 1505 Francisco de Almeida aliuteka mji na kuuchoma. 1528 ukaja msafara wa Nuno da Cunha, nao ukauteka. Bila habari hizi mgeni hudhani Wareno walikuja wakajenga tu, na mji ukakubali.

Mkishuka, fuateni utaratibu huu: tangi la maji, mabaki ya kanisa, njia ya matao iliyochongwa ndani ya mwamba wa matumbawe kuelekea upande wa bahari, kisha nyumba ya Waomani. Kwenye tangi, ulizeni habari za mazingiwa. Waomani walianza kuizingira ngome Machi 1696 na hawakuingia mpaka Desemba 1698. Miezi thelathini na mitatu. Maradhi na njaa viliwamaliza waliokuwa ndani, na walipoingia walikuta watu wachache sana wenye uhai. Wareno walirudi kwa muda mfupi, 1728 hadi 1729, basi. Juu ya lango kuna maandishi ya Kireno ya karne ya 17 yanayomsifu Francisco de Seixas de Cabreira, aliyekuwa kapteni wa ngome. Watu wengi hupita chini yake bila kuinua kichwa.

Ndani ya makumbusho, tafuteni vitu viwili na vingine mvipitie haraka. Cha kwanza ni vitu vilivyotolewa kwenye Santo António de Tanná, meli ya Kireno iliyokuja kuwasaidia waliozingirwa ikazama 1697 chini kidogo tu ya ngome. Wataalamu wa elimukale ya chini ya maji waliichimbua kati ya 1977 na 1980. Gamba la meli bado liko chini ya bahari. Lililoko juu ni vyombo, risasi na mizigo. Cha pili ni michoro ya ukutani ya mabaharia na askari wa Kireno: meli, watu, samaki. Mtu aliyekuwa zamu, hana la kufanya, anachora. Vyumba vya gereza la Waingereza, walioitumia ngome kama jela kuanzia 1895 hadi 1958, mnaweza kuvipitia kwa dakika kumi. Muda wa saa mbili na nusu kwa ngome nzima unatosha. Ukizidi, watu huchoka na hawatauona mji.

Mkitoka kwenye saa nne na nusu, ingieni Mji wa Kale kwa Ndia Kuu. Hapa ndipo viongozi wengi hukosea, na ni vizuri ujue kabla. Watakuonyesha roshani za mbao zilizochongwa wakuambie ni za Wareno. Si za Wareno. Nyumba nyingi zinazosimama leo ni za karne ya 19 na mwanzo wa karne ya 20, na roshani zile zina mkono wa mafundi na wafanyabiashara wa Kihindi. Milango ina mchanganyiko wa Kiswahili, Kiarabu na Kihindi. Cha kale zaidi katika mtaa huu ni mkondo wenyewe wa njia. Mwoneni Msikiti wa Mandhry kwa nje, wenye mnara mnene unaochongoka kuelekea juu. Kwa mapokeo umejengwa 1570, yaani kabla ya ngome. Endeleeni hadi bandari ya kale na Leven House iliyo juu ya maji, ambayo ni ya enzi nyingine: Leven ni jina la meli ya Kapteni Owen, Mwingereza aliyefika 1824.

Mabega na magoti yafunikwe, wanaume kwa wanawake. Leso begani inatosha. Msimpige picha mtu bila kumwomba, hasa akina mama waliovaa buibui na wazee wa barazani. Ukimsalimia mzee kwa “shikamoo” kabla ya kuinua simu, mara nyingi atakuita ukae. Mkimwona muuza kahawa mwenye dele na kigae cha makaa, simameni. Kahawa chungu, kikombe kidogo, kashata kipande kimoja. Asiyezoea asiongeze kikombe cha tatu kwenye jua hilo.

Chakula cha mchana kiwe kati ya saa sita na nusu na saa saba na nusu. Mna njia mbili. Biriani huwa imeshaiva na huja upesi. Sinia la watu wanne huwatosha watano waliokula mahamri asubuhi. Ubaya wake ni kwamba sufuria ya siku hiyo ikiisha, imeisha. Njia ya pili ni wali wa nazi na samaki wa kupaka, samaki mzima aliyechomwa kwa makaa huku akipakwa rojo la tui, ukwaju na pilipili. Huyu hachomwi mpaka aagizwe, na huchukua dakika arubaini au zaidi, kwa hiyo pigeni simu mkiwa bado ngomeni. Mkiletewa samaki ndani ya dakika kumi, amepashwa. Juisi ya ukwaju ndiyo inayokata mafuta. Ya embe baada ya biriani ni mzigo juu ya mzigo.

Baada ya hapo pumzikeni. Mji wenyewe unapumzika, na kumburuta mtoto au mzee saa nane mchana ni kutafuta kumuuguza. Asiyetaka kulala na aende soko la Marikiti kununua iliki na mdalasini, ila aulize bei kwenye vibanda vitatu kabla ya kutoa pesa.

Saa kumi na nusu chukueni tuktuk hadi Mama Ngina, bustani ya ufukweni, kwenye mbuyu na upepo. Hapa nako kuna mabaki ya ngome ndogo ya Mtakatifu Yosefu, yaliyobaki kidogo sana. Dakika tano zinatosha. Kivuko cha Likoni kiko jirani, msikipige picha, askari hawana mzaha na hilo.

Lililowaleta hapa ni muhogo. Muhogo, mahindi, pilipili, nanasi, papai na korosho ni mimea ya asili ya bara la Amerika, na merikebu za Wareno ndizo zilizoisambaza sana kwenye pwani hizi. Ngome ya Yosefu imebomoka, muhogo unaliwa kila jioni. Agizeni wa kuchoma, uliopasuliwa katikati ukatiwa chumvi, pilipili ya unga na ndimu. Uchaguliwe ukiwa bado juu ya makaa, mweupe ndani. Wenye mistari ya kijivu umekaa sana tangu kung’olewa. Ukiuma ukahisi uchungu, uache, usioneane haya na muuzaji. Kwa dafu, litikiseni sikioni: likilia maji, limeanza kuwa nazi na maji yake yamepungua. Lisilolia ndilo lililojaa. Muuzaji akishakata, mwambieni alipasue mle utando kwa kijiko cha kifuu.

Anayetaka kuona nguzo ya Vasco da Gama, ya matumbawe yenye msalaba wa jiwe juu, pamoja na kanisa dogo la Wareno ambalo mmisionari Fransisko Ksaveri alipita 1542, hiyo ni Malindi, kama kilomita 120 kaskazini. Msiiunganishe na siku hii. Ondokeni siku nyingine saa kumi na mbili asubuhi, mpite magofu ya Gede mkirudi, na chakula cha mchana mkipange huko huko Malindi.