Jinsi ya kusoma riwaya ya kisayansi kwa jicho la kifeministi

Usianze na lile swali kubwa la kama kitabu kinadhalilisha wanawake, hapo mtabishana mpaka kuche. Anza na ukurasa mmoja, shika penseli, pigia mstari kila kitenzi afu angalia nani anatenda na nani anatendwa.

Chukua mfano The Left Hand of Darkness ya Ursula Le Guin, ya 1969. Watu wa sayari ya Gethen hawana jinsia ya kudumu, siku chache kila mwezi ndo mwili unakuwa wa kike ama wa kiume, kwahiyo mtu yuleyule anaweza kuzaa huyu na akawa baba wa yule. Wazo zito sana, ila Kiingereza kinamlazimisha mwandishi achague kiwakilishi, na Le Guin akawapa wote cha kiume. Wahakiki wakambana, 1976 akaandika insha ya kujitetea kwamba hicho kinabeba watu wote, ilipofika 1987 akairudia insha yake ileile na kuyatengua maneno yake mwenyewe, na mi namheshimu mno kwa hilo.

Sasa simulia kipande chake kwa Kiswahili. Sisi tuna "yeye" tu, tuna "alikuja". Kama bado kichwani unamwona mwanaume basi simama hapohapo utafute kilichokuonyesha mwanaume, ni cheo, ni kazi, ama ni hasira zake? Kuna sentensi mle inasema "Mfalme alikuwa mjamzito". Inakwama kidogo eeh? Ni kwa sababu mfalme kwetu ana mwenzie anaitwa malkia, jinsia imejibanza kwenye cheo.

Na usidhani Kiswahili kimetoka salama. Simulia harusi uone: nani anaoa, nani anaolewa? Hukwepi, kitenzi kishagawa. Ndo maana nasisitiza penseli iende kwenye vitenzi, daftarini weka safu mbili, huku aliamua, alirusha chombo, aligundua, kule alitekwa, aliokolewa, alitazamwa, na kila tendo liandikie jina la mhusika.

Ukishazoea, uliza pia nani kitabuni anaruhusiwa kusomea nguvu, mfano uchawi. Kwenye A Wizard of Earthsea (1968), ya Le Guin huyohuyo, shule ya wachawi ya Roke ni ya wanaume tu, na uchawi wa wanawake umetungiwa misemo ya kuudharau kabisa. Afu fungua Tehanu ya 1990, mwandishi yuleyule, dunia ileile, ila sasa tuko nyumbani kwa mjane anayelea mtoto aliyeunguzwa moto. Visome kwa kufuatana, na safu zako mbili ziwe pembeni.