QEMU ikizimika ghafla kwenye simu
Ukiendesha Debian (aina ya Linux) yenye XFCE (eneo-kazi jepesi la madirisha) kwa QEMU, programu inayoiga kompyuta nzima, ndani ya Termux, app ya Android ya kuandikia amri, chukua diski ya aarch64 (ya prosesa za ARM, kama ya simu), si x86_64 (ya prosesa za Intel na AMD). Bila KVM (njia ya Linux ya kuiruhusu mashine inayoigwa kutumia prosesa moja kwa moja) kila amri ya prosesa hutafsiriwa na programu, na x86 huongeza mzigo; hata dirisha moja tu hufunguka kwa kujikokota. Kwa simu ya RAM GB 6, -smp 4 -m 2048 (viini vinne vya prosesa na RAM ya MB 2048) inatosha. Ikikatika na kuandika “signal 9” (ishara ya kuua programu kwa lazima), usiilaumu Linux: tangu Android 12, mfumo huua michakato tanzu (programu ndogo zinazoanzishwa na app) ikizidi 32 au ikila prosesa mno app ikiwa nyuma. Kwenye Android 14, ondoa kizuizi hicho katika mipangilio ya wasanidi programu. Halafu andika termux-wake-lock kabla ya kuwasha, la sivyo skrini ikilala mashine nayo husinzia.