Gari lako likikamatwa kwenye shamba la mpunga Kerala: jinsi ya kuomba liachiliwe

Tangu mwaka 2008, jimbo la Kerala, kusini mwa India, lina sheria ya kuhifadhi mashamba ya mpunga na ardhioevu. Anayefukia shamba la mpunga bila idhini hushtakiwa, na tipa lililomwaga kifusi, pamoja na mtambo wa kijiko uliosawazisha udongo, huweza kukamatwa hapohapo. Mwenye gari mara nyingi wala si mwenye shamba: alikodiwa tu. Mwongozo huu ni wake.

Anza na hati ya ukamataji, ambayo huko huitwa mahazari. Omba nakala kwa ofisa wa kijiji au kituo cha polisi, kisha usome sheria iliyotajwa ndani. Hapa ndipo wengi wanapopotea. Kosa la kuchimba au kusafirisha udongo bila kibali huangukia sheria ya madini ya 1957, na hilo huweza kumalizwa kwa kulipa faini bila kesi. Sheria ya 2008 ina njia yake. Taarifa hupelekwa kwa Kolekta wa Wilaya, yaani mkuu wa utawala wa wilaya, naye ana mamlaka ya kulitaifisha gari, au kukuruhusu ulikomboe kwa mara 1.5 ya thamani yake. Yaani unalipa bei ya gari moja na nusu ili urudishiwe moja, tena lililokwisha kupigwa jua na mvua. Afadhali kupambana kabla amri hiyo haijaandikwa.

Kisha ichunguze ardhi, maana huko ndiko uliko uzito wa kesi. Mashamba ya mpunga na ardhioevu huorodheshwa katika daftari liitwalo benki ya data. Chukua namba ya upimaji ya kiwanja gari lilipokutwa, uombe nakala ya ukurasa husika kupitia Krishi Bhavan, ofisi ya kilimo ya eneo hilo. Kiwanja kisipokuwamo, umepata hoja nzito. Kikiwamo, muulize mwenye ardhi kama aliwahi kuomba kiondolewe kwa Fomu namba 5, na alijibiwa nini. Lakini usishangilie mapema: ardhi isiyokuwa kwenye benki ya data, ilhali rekodi za kodi bado zinaitaja kuwa ya mpunga, inahitaji kibali chake cha kubadili matumizi chini ya marekebisho ya 2018 ya sheria hiyo.

Sasa mwandikie Kolekta. Ambatisha kadi ya gari, bima, mahazari, ukurasa wa benki ya data na mkataba wa kukodi, kama upo. Omba mambo mawili: usikilizwe kabla ya uamuzi wowote, na gari liachiliwe kwa muda ukiweka dhamana. Hakikisha nakala yako imegongwa muhuri wenye tarehe. Bila karatasi hiyo, swali la kwanza mahakamani litakuwa kwa nini hukuanzia kwa Kolekta.

Akikaa kimya au akikataa, wakili wako atafungua ombi Mahakama Kuu ya Kerala, iliyoko Kochi, chini ya Ibara ya 226 ya Katiba ya India, inayoipa mahakama hiyo mamlaka ya kuwaamuru maofisa wa serikali. Wajibu maombi huwa ni serikali ya jimbo, Kolekta, ofisa wa kijiji na mkuu wa kituo cha polisi. Vielelezo hupewa namba P1, P2 na kuendelea, na vilivyoandikwa kwa Kimalayalam, lugha ya Kerala, huwekewa tafsiri ya Kiingereza. Pamoja na ombi kuu, weka ombi la muda la kuachiliwa gari. Wakili anaweza kutaja uamuzi wa Mahakama ya Juu ya India wa 2002, Sunderbhai Ambalal Desai dhidi ya Jimbo la Gujarat, uliokemea kuacha magari yaozee vituoni. Kesi ile ilihusu mwenendo wa jinai, hivyo itumike kama nguzo ya ziada tu.

Jiandae kupata amri inayomtaka Kolekta akusikilize na kuamua ndani ya wiki kadhaa, badala ya ile ya kurudisha gari moja kwa moja. Wengi hutoka wakinuna, lakini mimi naihesabu kuwa ushindi, kwa sababu sasa faili lina tarehe ya mwisho.

Ukiruhusiwa kulichukua kwa bondi au dhamana ya benki, soma masharti: kwa kawaida hutaliuza wala kulibadilisha, na utalileta ukiitwa. Kabla ya kuwasha injini, piga picha matairi, betri na dashibodi, na kasoro zote ziandikwe kwenye hati ya makabidhiano kabla hujatia sahihi.