Namna ya kufuatilia habari za chombo kilichopotea pwani ya Afrika Mashariki katika karne ya 19

Familia nyingi za pwani, kuanzia Lamu hadi Kilwa na Visiwani, pamoja na jamaa zao walioko Maskati na Suri huko Omani, zina kumbukumbu ya mzee aliyesafiri na asirudi. Kinachobaki katika simulizi aghalabu ni kidogo: jina la chombo, pengine jina la nahodha, na kauli kwamba walipatwa na tufani. Hata hivyo, kidogo hicho kinatosha kuanzia kazi, kwa sababu karne ya 19 iliacha nyaraka nyingi kuhusu bahari yetu kuliko wengi wanavyodhani, ingawa nyaraka hizo zimetawanyika katika nchi nyingi na karibu zote ziliandikwa na wageni kwa haja zao wenyewe. Mwongozo huu unamlenga mtu anayetaka kujua chombo fulani kilipatwa na nini, lini na wapi.

Jambo la kwanza ni kuandika simulizi kama inavyosimuliwa, kabla ya kusoma chochote. Ukishasoma magazeti na vitabu, maelezo ya vitabuni huingia kwenye masimulizi ya wazee bila wewe kutambua, na baadaye huwezi tena kutenganisha kilichorithiwa na kilichosomwa. Andika nani alisimulia, alisikia kwa nani, na maneno aliyotumia. Uliza hasa chombo kilikuwa cha aina gani. Mtepe ulioshonwa kwa kamba za kumbi, jahazi, betili, baghala na merikebu ya milingoti mitatu havikufuata njia moja, havikubeba shehena ya aina moja, wala havikuandikwa na karani mmoja.

Baada ya hapo, geukia wakati. Watu wengi huanza na jina la chombo, nami naona huko ndiko wanakopotelea, kwa kuwa majina ya vyombo yalijirudia mno na kila mwandishi wa Kizungu aliyaandika kama sikio lake lilivyosikia. Jina kama Fathulkheri lilibebwa na vyombo vingi, na huweza kuonekana katika nyaraka kwa tahajia tano au sita. Wakati, kinyume chake, unaweza kupunguzwa hatua kwa hatua hadi ukabaki na wiki chache za kuchunguza. Simulizi ikisema chombo kilikuja na kaskazi, basi tunazungumzia takriban Desemba hadi Machi; ikisema kilikuwa kikirudi Arabuni na kusi, anza kutafuta kuanzia Aprili. Ukitajiwa mwezi wa Kiislamu, tumia jedwali la kubadilisha tarehe, na acha nafasi ya siku moja au mbili kwa sababu mwezi uliandama kwa kuonekana. Ukitajiwa mwongo wa Nairuzi, yaani kumi la siku linalohesabiwa tangu siku ya mwaka mpya wa mabaharia, ujihadhari zaidi: mwaka huo wa mabaharia una siku 365 bila siku ya nyongeza, kwa hiyo hurudi nyuma siku moja kila baada ya miaka minne, na mwongo wa karne ya 19 hauwezi kuhesabiwa kuanzia Nairuzi ya leo.

Mfano mzuri wa kujifunzia ni tufani kuu ya Unguja ya tarehe 15 Aprili 1872, zama za Sayyid Barghash, Sultani wa Unguja. Siku hiyo ilikuwa Jumatatu, katika mwezi wa Safar wa mwaka 1289, ambao wazee wetu waliuita Mfungo Tano. Mtu akikusimulia kwamba mambo yalianza “usiku wa Jumatatu”, kumbuka kuwa kwa hesabu ya zamani siku huanza jua linapotua, kwa hiyo usiku huo ndio ambao karani wa Kiingereza angeuandika kuwa wa Jumapili. Vivyo hivyo kwa saa: saa 3 asubuhi ya nahodha ni saa 9 katika kitabu cha manowari. Makosa ya namna hii yanaweza kumfanya mtafiti aamini kwamba ana matukio mawili, kumbe ni moja.

Tufani ile iliangamiza sehemu kubwa ya merikebu za Sultani pamoja na vyombo vingi vya wafanyabiashara vilivyokuwa vimetia nanga, ikaangusha mikarafuu mingi ya Unguja, na ikabomoa pia misheni ya Bagamoyo ng’ambo ya pili. Pemba ilisalimika, na hiyo ni mojawapo ya sababu za Pemba kuchukua nafasi ya kwanza katika karafuu. Kwa mtafiti, mipaka hiyo ina thamani kubwa. Chombo kinachosemekana kilizama bandarini Unguja au karibu na Bagamoyo katika mwaka huo kina uwezekano mkubwa wa kuhusiana na tufani hii, ilhali chombo kilichopotea kaskazini ya Pemba kinahitaji maelezo mengine. Ukikuta taarifa isemayo kwamba upepo ulivuma kwa nguvu, ukatulia ghafla, kisha ukarudi kwa kishindo kutoka upande wa pili, hiyo ni dalili kwamba kitovu cha kimbunga kilipita juu ya mwandishi, na taarifa ya namna hiyo haifai kutupwa hata kama haitaji jina la chombo hata kimoja.

Ukishapata wakati, tafuta bendera, kwa sababu bendera ndiyo inayoamua karatasi ziko wapi. Meli iliyosajiliwa Uingereza ilikuwa na namba rasmi ya usajili kuanzia 1855, na namba hiyo haikubadilika hata jina la meli lilipobadilishwa. Ukiipata, ishike kuliko jina. Kwa namba hiyo unaweza kutafuta orodha za mabaharia, ambazo kwa miaka ya 1863 hadi 1913 sehemu yake kubwa imehifadhiwa katika chuo kikuu kimoja cha Newfoundland, Kanada. Taarifa za ajali zilichapishwa katika gazeti la Lloyd’s List la London, na maelezo ya umbo la meli, mjenzi na mwenyewe yamo katika daftari la Lloyd’s Register. Manowari za Uingereza ziliandika kila kitu katika vitabu vya safari, ambavyo vipo katika Hifadhi ya Taifa ya Uingereza huko Kew. Meli za Salem na bandari nyingine za Marekani zilifika Unguja kwa wingi, hasa baada ya mkataba wa biashara wa 1833 baina ya Marekani na Sultani, na barua za konsuli wao wa Unguja kuanzia 1836 zipo katika hifadhi ya taifa ya Marekani.

Majahazi yetu yana ugumu wake. Mengi hayakuwa na usajili wowote, na mengine yalipeperusha bendera ya Ufaransa ingawa wenyewe walikuwa watu wa Suri, kwa sababu Ufaransa haikuruhusu manowari za Uingereza kupekua vyombo vyenye bendera yake. Jambo hilo lilizua mgogoro uliofikishwa mbele ya mahakama ya usuluhishi ya The Hague, iliyotoa uamuzi mwaka 1905. Kwa hiyo, usiache kutazama nyaraka za Kifaransa kwa dhana kwamba nahodha alikuwa Mwarabu au Mswahili.

Tena usichukulie kwamba kila chombo ambacho hakikurudi kilizamishwa na bahari. Katika miongo ile Waingereza walikamata majahazi waliyoyatuhumu kubeba watumwa na kuyachoma moto palepale, wakiandika vipimo vyake kwa futi, idadi ya watu waliokutwa ndani, na mahali. Nyakati nyingine mahakama iliona baadaye kwamba chombo kilikuwa cha biashara halali. Taarifa hizo zimo katika mafaili ya wizara ya mambo ya nje ya Uingereza yanayohusu biashara ya utumwa. Ni nyaraka nzito kusoma, kwa kuwa humo wamo watu waliouzwa, ambao mara nyingi wameandikwa kwa idadi tu bila jina. Ukikuta jina hata la mmoja wao, linakili kwa uangalifu uleule unaolinakili jina la nahodha.

Katika magazeti, zingatia muda wa habari kusafiri. Waya wa telegrafu wa baharini ulifika Unguja mwaka 1879. Kabla ya hapo, habari ya ajali ilisafiri kwa chombo hadi Aden au Bombay, kisha Ulaya, ikachukua wiki nyingi. Anayetafuta tufani ya Aprili 1872 asiishie kwenye magazeti ya Aprili. Asome ya Mei, Juni na kuendelea. Makusanyo ya Trove ya Australia, Papers Past ya New Zealand na Gallica ya Ufaransa yanasomwa bure katika intaneti, na magazeti ya makoloni yalikuwa na tabia ya kunakili habari za Bombay na London neno kwa neno. Ukiona habari ileile katika magazeti kumi, huo ni ushahidi mmoja, si kumi.

Ili upime mbinu yako, jaribu kwanza chombo chenye ushahidi mwingi. Merikebu ya Glasgow inafaa sana. Ilijengwa na kiwanda cha William Denny huko Dumbarton, Uskoti, mwaka 1878, kwa amri ya Sayyid Barghash aliyekuwa amepoteza merikebu zake katika tufani ya 1872. Ilizamishwa bandarini Unguja asubuhi ya tarehe 27 Agosti 1896, katika vita vya Waingereza dhidi ya Khalid bin Barghash aliyekuwa ameshika kasri la Sultani, vita vilivyokwisha kwa muda usiofika saa moja: muda waliopewa watu wa kasri ulikwisha saa 3, mizinga ikaanza dakika 2 baadaye, na Glasgow ikazamishwa baada ya kuifyatulia manowari St George. Maji hayakuwa na kina, hivyo milingoti yake ilibaki imechomoza juu ya maji kwa miaka mingi hadi mabaki yalipoondolewa mwaka 1912. Hapo utaweza kulinganisha michoro ya kiwanda, taarifa za manowari, magazeti na picha za bandari, na utaona jinsi ambavyo hata tukio lililoshuhudiwa na mji mzima linatofautiana kwa dakika kutoka taarifa moja hadi nyingine.

Kuhusu mahali, pata ramani za bahari za zama hizo, ambazo kwa pwani hii zina msingi katika upimaji wa William Owen wa miaka ya 1820, kisha uketi nazo pamoja na wavuvi wanaolijua eneo. Fungu lililoandikwa kwa jina la Kiingereza lina jina lake la Kiswahili, na pengine jina hilo limetokana na chombo kilichopwelewa hapo. Uliza hali ya maji pia, kwani mwamba unaoua chombo wakati wa maji mafu, yanapojaa kidogo, huenda ukavukwa salama wakati wa bamvua, yaani maji makuu, maji yakijaa. Ukionyeshwa mabaki, piga picha, andika mahali, na upeleke habari kwa idara ya mambo ya kale au makumbusho ya nchi husika. Usiondoe hata msumari, kwa kuwa msumari, au kukosekana kwake katika ubao wenye matundu ya kushonea, unaweza kuwa ndio ushahidi pekee wa aina ya chombo.

Unapoandika matokeo, tenga safu tatu: kilichosimuliwa, kilichoandikwa wakati ule, na unachokisia wewe. Pale ambapo jina la chombo halikupatikana katika nyaraka zozote, andika ni nyaraka zipi ulizozisoma na za tarehe zipi, ili atakayekuja baada yako aanzie pale ulipoishia.