Jifunze draiva za grafiksi kwenye Linux bila kadi yoyote

Vijana wengi wa hapa Mombasa wanaotaka kujifunza draiva za grafiksi wanakwama kabla hawajaanza, kisa hawana kadi ya maana. Jamani achaneni na kadi kwanza. Kerneli ya Linux tangu 2018 ina draiva inaitwa vkms, inajifanya skrini na kumbe nyuma yake hamna kitu, na msimbo wake ni mfupi, unasomeka.

Hatua ya kwanza, fanyia kazi ndani ya QEMU, programu inayoiga kompyuta nzima, kerneli ikianguka isiangushe mashini yako nzima. Mimi hapa natumia kerneli 6.6. Weka CONFIG_DRM_VKMS=m, jenga kerneli, uwashe QEMU na kerneli hiyo hiyo. Baada ya hapo usijenge yote tena, na joto letu hili laptopu itachemka bure, we piga tu make M=drivers/gpu/drm/vkms.

Pili, pakia draiva: sudo modprobe vkms, kisha ls /dev/dri, utaona card mpya.

Tatu ndo penye utamu. Piga modetest -M vkms -c (modetest ni kiprogramu cha kujaribu draiva za skrini), utaona konekta, yaani tundu la kuchomeka skrini, Virtual-1 na namba yake, chukua hiyo namba: modetest -M vkms -s NAMBA:1024x768 -v. Hapo bafa mbili, yaani sehemu mbili za kumbukumbu zinazoshika picha, zinapokezana kama feri za Likoni, moja ikivuka nyingine inapakia. Kila pikseli ni baiti 4, kwa hivyo mstari mmoja ni baiti 4096, lakini ukija kuandika programu yako usiipige hesabu hiyo mwenyewe, chukua pitch (urefu wa mstari kwa baiti) unayorudishiwa na kerneli, maana kadi nyingine huongeza baiti mwisho wa mstari na picha yako itatoka imelala upande.

Modetest itakuandikia freq, yaani picha ngapi kwa sekunde, karibu 60Hz. Sasa hiyo 60 yatoka wapi na skrini hakuna? Kwenye hiyo 6.6 fungua vkms_crtc.c, tafuta vkms_vblank_simulate, utakuta ni taima tu ya kerneli, hrtimer. Kwenye kadi ya kweli kazi hiyo hufanywa na kadi yenyewe, inamkatiza prosesa kila fremu ikiisha. Kaa hapo, soma mpaka uone nani anamwita nani, usikimbilie mbele.

Nne, shika msimbo sasa. Kwenye vkms_drv.h badilisha XRES_DEF iwe 1280 na YRES_DEF iwe 1024, jenga moduli, rmmod vkms, insmod ile mpya, rudia modetest -c uangalie neno preferred (chaguo la kwanza) limehamia modi gani, yaani ukubwa gani wa skrini. Lisipohama, echo 0x1ff | sudo tee /sys/module/drm/parameters/debug halafu dmesg -w, kerneli itakusimulia kila kitu.