MAGAZIJUTO kwenye sehemu: mtego uko kwenye JU na TO

MAGAZIJUTO ni mabano, gawanya, zidisha, jumlisha, toa. Wengi huisoma kama foleni ya hatua tano, na hapo ndipo jibu linapopotea. Ukigawanya kabla ya kuzidisha, jibu haliharibiki. Ukijumlisha kabla ya kutoa, linaweza kuharibika. Angalia:

7/8 − 1/4 + 1/2

Anayeanza na JU anapata 1/4 + 1/2 = 3/4, kisha 7/8 − 6/8 = 1/8. Si sahihi. Kujumlisha na kutoa vina cheo kimoja, kwa hiyo unatoka kushoto kwenda kulia. KDS (kigawe kidogo cha shirika) ya 8, 4 na 2 ni 8: 7/8 − 2/8 + 4/8 = 9/8, yaani 1 1/8. Alama ya kutoa ilikuwa ya 1/4 peke yake; ile 1/2 haikuhusika.

Sasa hesabu ndefu:

2 1/2 − 3/4 ÷ (5/6 − 1/3) × 1/3 + 1/4

Kwanza geuza namba mchanganyiko: 2 1/2 = 5/2. Usiruke hatua hii, hasa penye kuzidisha. Katika 2 1/2 × 1/3, wapo wanaozidisha sehemu tu na kuiacha 2 ilivyo, wanapata 2 1/6. Jibu ni 5/2 × 1/3 = 5/6.

Mabano: 5/6 − 2/6 = 3/6 = 1/2. Rahisisha papo hapo, namba zisikue bure.

Kugawanya: 3/4 ÷ 1/2 = 3/4 × 2/1 = 3/2. Inayopinduliwa ni sehemu ya kulia ya alama, si ya kushoto.

Kuzidisha: 3/2 × 1/3 = 1/2. Aliyetangulia kuzidisha 1/2 × 1/3 angepata 1/6, kisha 3/4 ÷ 1/6 = 9/2, na mwisho −1 3/4.

Zilizobaki: 5/2 − 1/2 + 1/4 = 2 1/4.

Kosa jingine la kila siku ni kukata namba kabla ya kupindua. Kwenye 5/6 ÷ 2/3, mtu anaona 6 na 2 zinagawanyika, anakata, anabaki na 5/3 ÷ 1/3 = 5. Pindua kwanza: 5/6 × 3/2. Hapo unakata 3 na 6, unapata 5/4.

Kipeo nacho kinataka jicho. (2/3)² ni 4/9, lakini 2²/3 ni 4/3, kwa sababu bila mabano kipeo kinashika kiasi (namba ya juu) tu, asili (namba ya chini) hakiigusi.

Mstari mrefu wa sehemu ni mabano yasiyoandikwa. Ikiwa juu yake kuna 1/2 + 1/4 na chini kuna 3/4 − 1/8, maliza juu (3/4), maliza chini (5/8), ndipo ugawanye: 3/4 × 8/5 = 6/5.

Wanaohakiki kwa kikokotoo cha simu wakumbuke hilo. Kwa 3/4 ÷ 1/2, ukibonyeza 3÷4÷1÷2 kitakupa 0.375, kwa kuwa kinagawanya mfululizo. Bonyeza (3÷4)÷(1÷2), itoke 1.5.