Kutafuta galaksi, nebula na mafungunyota kwa darubini ndogo, hatua kwa hatua

Anayeelekeza darubini kwenye galaksi ya Andromeda kwa mara ya kwanza mara nyingi huishia kuilaumu darubini. Alitarajia mizunguko ya rangi kama ya pichani, akakuta doa la kijivu lisilo na mwisho wala mwanzo. Darubini haina kosa. Wanaastronomia wa karne ya 18 Charles Messier na Caroline Herschel nao waliona madoa ya namna hiyohiyo, ila walijua namna ya kuyatafuta na namna ya kuyatazama. Hatua zifuatazo ni za mwenye darubini ya mkono ya 10x50 (inayokuza mara 10, yenye lenzi za milimita 50), au darubini ya kipenyo cha milimita 100 hadi 200 isiyo na injini wala kompyuta.

Hatua ya 1: Chagua usiku

Galaksi na nebula nyingi hazivumilii mwanga wa mwezi. Muda mzuri wa kutazama saa za jioni ni kuanzia mwezi unapofika robo ya mwisho hadi siku tatu nne baada ya kuandama. Mafungunyota tawanyika, kama Kilimia, yanavumilia zaidi.

Kupima giza la mahali ulipo, tazama Njia Nyeupe. Ukiiona wazi bila darubini, hata galaksi zitapatikana. Usipoiona kabisa, anza na mafungunyota na Nebula ya Jabari (Orion), uache galaksi za usiku mwingine. Kununua darubini kubwa zaidi hakuondoi taa za mji, maana inakusanya mwanga wa taa pamoja na wa nyota.

Toa darubini nje nusu saa kabla ya kuanza. Kioo chenye joto kuliko hewa hutikisa picha, na nyota huonekana kama zinachemka.

Hatua ya 2: Andaa jicho

Jicho linahitaji dakika 20 hadi 30 gizani ndipo lizoee. Kutupia simu jicho mara moja tu kunaweza kukurudisha mwanzo. Tumia taa nyekundu, tena hafifu kiasi kwamba unasoma ramani kwa taabu kidogo. Kufunika tochi kali kwa karatasi nyekundu hakutoshi.

Hatua ya 3: Anza na ukuzaji mdogo

Ukuzaji ni urefu wa fokasi wa darubini (umbali kutoka lenzi au kioo hadi mwanga unapokutana) ukigawanywa kwa urefu wa fokasi wa lenzi ya jicho. Darubini ya kipenyo cha milimita 130 na fokasi ya milimita 650, ikiwa na lenzi ya milimita 25, inakuza mara 26. Gawanya kipenyo cha darubini kwa ukuzaji huo, utapata upana wa mwali unaoingia jichoni: 130 kwa 26 ni milimita 5. Mboni ya kijana hufunguka hadi karibu milimita 7 gizani, na hupungua kadiri umri unavyosonga. Mwali ukizidi mboni, mwanga wa ziada unapotea.

Hapa ndipo wengi wanapokosea. Kukuza hakuongezi mng'ao wa kitu kilichotandaa. Kunaupunguza, kwa sababu mwanga uleule unasambazwa kwenye eneo kubwa zaidi. Ndiyo maana namba ya mwangaza iliyo kwenye orodha (ikiwa ndogo, kitu ni king'avu zaidi) inaweza kukudanganya. M33, galaksi ya 33 katika orodha ya Messier, imeandikwa 5.7, namba inayokufanya udhani ni kitu rahisi, lakini mwanga huo umetandazwa kwenye eneo pana kuliko mwezi mpevu. Mtu hupita juu yake mara kadhaa bila kujua.

Hatua ya 4: Pima uwanja wa lenzi yako

Uwanja ni upana wa anga unaoonekana kwenye lenzi. Bila namba hii huwezi kuruka kutoka nyota hadi nyota ila kwa kubahatisha. Tafuta Mintaka, ile nyota ya mkanda wa Jabari inayochomoza kwanza. Iko karibu kabisa na ikweta ya anga, yaani mstari wa angani ulio juu ya ikweta ya dunia. Iweke ukingoni upande wa mashariki, acha darubini bila kuigusa, kisha hesabu muda inaochukua kupita katikati hadi itokee upande wa pili. Kila dakika 4 ni digrii 1. Ikichukua dakika 8, uwanja wako ni digrii 2. Fanya hivyo kwa kila lenzi uliyo nayo, uandike namba kwenye kifuniko chake.

Hatua ya 5: Ruka kutoka nyota hadi nyota

Anza na kitu kisichokosekana. Kwa walio kusini mwa dunia au karibu na ikweta, chukua Omega Centauri. Alpha na Beta Centauri ni zile nyota mbili kali zilizo jirani na Salibu (kundi la nyota la Msalaba wa Kusini), na Beta ndiyo iliyo karibu zaidi na Salibu. Toka Beta nenda Epsilon Centauri, umbali wa digrii 7 na nusu hivi. Endelea mbele kwa mstari uleule digrii 6 zaidi. Utakutana na "nyota" yenye ukungu. Mwanaastronomia Edmond Halley aliitambua kuwa si nyota ya kawaida mwaka 1677, alipokuwa kisiwani St Helena. Ni fungunyota tufe lenye nyota mamilioni. Ukikuza mara 80 kwa darubini ya milimita 150, kingo zake zinaanza kuvunjika kuwa punje.

Kwa galaksi ya Andromeda, anza Mirach, nyota kali katika kundi la Andromeda. Ruka digrii 4 hadi Mu Andromedae, digrii 3 zaidi hadi Nu, kisha tafuta digrii 1.3 tu magharibi mwa Nu. Mwanaastronomia Mwajemi Al-Sufi aliiandika kama wingu dogo mwaka 964, bila darubini ya aina yoyote. Unachokiona mwanzoni ni kitovu tu, kwani galaksi yenyewe ina urefu wa digrii 3 na haienei kwenye uwanja wa lenzi nyingi. Sogeza darubini taratibu pande zote mbili uone inapoishia.

Ukishazoea, jaribu galaksi NGC 253 (NGC ni orodha nyingine ya vitu vya anga). Toka Diphda, nyota kali katika kundi la Ketusi (Cetus), shuka kusini digrii 7 na theluthi. Ni mstari mrefu uliofifia. Caroline Herschel aliipata mwaka 1783 kwa kupekua anga kwa kioo kidogo.

Usipopata kitu, usizungushe darubini ovyo. Rudi kwenye nyota ya kuanzia, urudie. Kagua pia kama ramani yako imegeuzwa sawa na picha: darubini ya vioo hupindua juu chini, na ile ya lenzi yenye kioo cha pembeni hubadilisha kulia kuwa kushoto.

Hatua ya 6: Tazama kwa pembeni

Katikati ya retina hakuna seli zinazohisi mwanga hafifu, kwa hiyo kitu unachokikodolea macho ndicho kinachotoweka. Ukitumia jicho la kulia, elekeza macho kulia kidogo mwa doa. Ukitumia la kushoto, elekeza kushoto. Ukikosea upande, doa linaweza kuangukia sehemu pofu ya jicho. Bado hulioni? Gonga bomba la darubini kwa ncha ya kidole. Jicho hugundua ukungu unaotikisika kabla ya ule uliotulia. Jifunike kichwa kwa kitambaa cheusi, pumua kama kawaida, ukae na doa dakika kumi. Kubana pumzi kunalinyima jicho oksijeni na kunapunguza uwezo wake.

Doa likishathibitika, ndipo ongeza ukuzaji hatua kwa hatua. Kwenye Nebula ya Jabari, mara 60 zinatosha kutenganisha nyota nne za Trapezium zilizobanana katikati ya ukungu, na ghuba nyeusi iliyoingia kandokando yake.

Hatua ya 7: Kichujio, lakini kwa kitu kinachostahili

Mwaka 1864 mwanaastronomia William Huggins alipasua mwanga wa nebula NGC 6543 akaona mistari michache badala ya upinde kamili. Hivyo ndivyo ilivyojulikana kwamba baadhi ya nebula ni gesi. Mistari miwili kati ya hiyo, karibu nanomita 496 na 501, inatoka kwa oksijeni, na kichujio cha O III hupitisha hiyo na kuzuia karibu mwanga mwingine wote. Kwa nebula za gesi kinafaa sana. Kwa galaksi na mafungunyota kinaharibu tu, kwa sababu mwanga wao ni wa nyota na umeenea kwenye rangi zote. Nebula za kuakisi, kama M78, nazo hazinufaiki.

Hatua ya 8: Chora na uthibitishe

Chora duara, weka nyota zote zilizomo, halafu doa. Andika saa, lenzi na hali ya anga. Mwaka 1758 Messier alikuta doa karibu na Zeta Tauri, akadhani ni kometi. Halikusogea. Ndilo M1, ambalo John Bevis alikwisha liona mwaka 1731, na hapo ndipo orodha ya Messier ilipoanzia.

Nawe fanya jaribio hilohilo. Doa lisilo kwenye ramani yako, kwanza sogeza darubini kidogo: likihama kati ya nyota, ni mwakisiko wa ndani ya lenzi, mara nyingi wa nyota kali iliyo jirani. Likibaki mahali pake, rudi baada ya saa moja au mbili na mchoro mkononi. Likiwa limesogea, linganisha nafasi yake na kometi zilizokwisha orodheshwa na Minor Planet Center, kituo kinachokusanya nafasi za kometi na sayari ndogo. Ni pale tu lisipokuwemo ndipo uiandikie Central Bureau for Astronomical Telegrams, ofisi inayopokea taarifa za ugunduzi wa angani, ukitaja nafasi mbili na saa ya kila moja.